Je, Wajua? Magreti na Marijani Ni Ndugu

Mtoto wa kike akiitwa Magreti, majirani hudhani wazazi wamechagua jina la Kizungu. Mawazo huenda moja kwa moja kwa malkia, kwa masista wa misheni, au kwa Margaret Thatcher, aliyekuwa Waziri Mkuu wa Uingereza kuanzia 1979 hadi 1990. Na kweli jina lina haiba hiyo. Limenyooka, lina heshima zake, na kwa kawaida hulisikii likitamkwa lote isipokuwa kanisani, bungeni, au pale mama anapoita kwa sauti ya juu kwa sababu kuna kitu kimevunjika jikoni. Siku nyingine zote ni Magi au Mage, inatosha.

Ila jina hili halikuzaliwa Ulaya. Lilitoka huku huku zinakovuma kaskazi na kusi, likazunguka dunia likivaa kofia za mataifa, likarudi pwani yetu kwa meli ya wamisionari. Na lilipofika lilimkuta ndugu yake yupo siku nyingi, amesilimu, anaitwa Marijani.

Lulu ya Kiajemi kinywani mwa Mgiriki

Kwa Kigiriki cha kale, *margarites* ni lulu. Wataalamu wa lugha wanaeleza kwamba Wagiriki hawakulibuni neno hilo, walilichukua kutoka lugha za Iran. Kiajemi cha kati kilikuwa na *marwarid*, Kiajemi cha leo kina *morvarid*, na mpaka sasa wapo wasichana wa Tehran wanaoitwa Morvarid bila kujua kwamba wana wajina wengi Bukoba na Murang'a.

Jambo hili halishangazi ukikumbuka bidhaa yenyewe ilitoka wapi. Lulu nzuri zilivuliwa katika Ghuba ya Uajemi, Bahari ya Shamu, na maji yaliyo kati ya India na Sri Lanka. Wagiriki walizijua vizuri baada ya majeshi ya Aleksanda kufika Uajemi na India katika karne ya 4 kabla ya Kristo. Theofrasto, mwanafunzi wa Aristotle, alizitaja katika kitabu chake kuhusu mawe, na ikaeleweka kwamba ni mali ya bahari za mashariki. Bidhaa mpya huja na jina lake, kama vile simu ilivyokuja kwetu na *chaja* yake.

Warumi nao wakasema *margarita*, wakaanza kuwapa binti zao jina hilo. Kutoka hapo likasambaa: Wafaransa wakawa na Marguerite, Waitalia Margherita, Wadenmark Margrethe, Wapoland Małgorzata, Wairishi Mairéad, Waingereza Margaret.

Msomaji wa Biblia anaijua mifano miwili ya Mathayo: ule wa lulu zisizofaa kutupiwa nguruwe katika sura ya 7, na ule wa mfanyabiashara aliyeuza kila alichokuwa nacho apate lulu moja ya thamani, katika sura ya 13. Injili hiyo iliandikwa kwa Kigiriki, na neno lililotumika humo ni hilihili. Kwa hiyo yule bwana, kwa lugha ya kwanza ya kitabu, aliuza shamba, ng'ombe na nyumba kwa ajili ya *margarites* mmoja. Washenga wanaweza kulitumia hilo siku ya kupanga mahari.

Ndugu aliyekwenda upande wa pili

Wakati jina likielekea Rumi, tawi lingine liliingia katika Kiaramu kama *marganita*, kisha katika Kiarabu kama *marjan*. Kiswahili kikalipokea: marjani, au marijani.

Njiani maana ilihama kidogo. Katika Sura ya Ar-Rahman, aya ya 22, vinatajwa vitu viwili vinavyotoka baharini, *lu'lu'* na *marjan*. Wafasiri wa kale waligawanyika. Wapo waliosema *lu'lu'* ni lulu kubwa na *marjan* ni lulu ndogondogo. Wengine wakashikilia kwamba *marjan* ni yale matumbawe mekundu ya thamani. Maana hiyo ya pili ndiyo iliyoshinda mitaani. Kwetu marijani ni ule ushanga mwekundu, na ile ya hali ya juu kabisa iliitwa marijani ya fedhaluka, kidani cha mwanamke mwenye nafasi yake.

Hivyo basi, mwalimu anayeita majina asubuhi, akianza na Magreti wa dawati la mbele na kumalizia na Marijani wa dawati la nyuma, ameita jina moja mara mbili. Mmoja amelipata kwa padri, mwingine kwa maalimu.

Lakini mbona Marijani ni mwanamume? Tanzania nzima inamkumbuka Marijani Rajab (1955–1995), mwimbaji na mtunzi aliyevuma na Safari Trippers na baadaye Dar International, yule waliyemwita Jabali la Muziki. Jabali na marijani kwa mtu mmoja, mawe mawili! Hakuna aliyewahi kuona ukike katika jina lake.

Hapa historia inakunja sura. Katika nchi za Kiarabu za zamani ilikuwa desturi watumwa kupewa majina ya vito na manukato. Mtu alinunuliwa sokoni, jina alilopewa na mama yake likawekwa kando, akaitwa Yakuti, Almasi, Feruzi, Ambari, Johari, Marjani au Lulu, awe mwanamume au mwanamke. Ni majina mazuri kuyasikia, na uzuri huo ndio uliokuwa alama. Muungwana aliitwa kwa jina la babu yake. Mtumwa aliitwa kwa jina la kitu cha bei. Baadaye majina hayo yakaachana na utumwa, watu huru wakawapa watoto wao kwa mapenzi tu, na leo Almasi au Feruzi ni jina kama jina lolote.

Wapo waliobeba jina la namna hiyo hadi kwenye kiti cha enzi. Mosul, kaskazini mwa Iraki ya leo, ilitawaliwa miaka mingi na Badr al-Din Lu'lu', aliyeanza maisha akiwa mtumwa wa watawala waliomtangulia na kufariki mwaka 1259 akiwa ndiye mwenye mji. Mtawala, mwenye ndevu na jeshi, jina lake Lulu.

Waliozamia lulu

Tawi hili la habari linatuhusu kwa uchungu zaidi. Katika karne ya 19, na hata mwanzoni mwa karne ya 20, watu wengi walichukuliwa kutoka Afrika Mashariki wakapelekwa Oman na Ghuba. Baadhi walifanyishwa kazi kwenye mitende, na wengine wakapakiwa kwenye majahazi ya lulu.

Kazi ilikuwa hivi. Msimu mkubwa ulikuwa wa kiangazi, jahazi likikaa baharini miezi kadhaa chini ya nahodha. Mzamiaji alibana pua kwa kibano kidogo cha pembe au gamba, akaning'iniza kikapu shingoni, akakanyaga jiwe lililofungwa kamba, akashuka nalo kama ndoo kisimani. Chini alikuwa na dakika moja hivi ya kung'oa chaza. Akitikisa kamba ya pili, mwenzake aliyebaki juu anamvuta. Akitweta mara chache, anarudi. Hivyo tangu jua linachomoza hadi linazama, kwa chakula kidogo maana mzamiaji mwenye tumbo lililojaa hawezi kushuka. Chaza walirundikwa na kupasuliwa mbele ya nahodha, na nyingi hazikuwa na kitu. Lulu zilizopatikana zilikwenda Bombay, kutoka hapo Paris na New York, zikatundikwa kwenye shingo za akina Margaret.

Kati ya hao wazamiaji walikuwamo watu walioitwa Marjani. Sijui kejeli kubwa kuliko hiyo: mtu aliyepewa jina la kito akitumwa chini ya bahari kutafuta kito ambacho jina lake na la mvaaji wake yanatokana nacho.

Biashara hiyo iliangushwa na Mjapani. Mwaka 1893 Kokichi Mikimoto alifanikiwa kumfanya chaza atengeneze lulu nusu kwa kupandikizwa, na miongo michache baadaye lulu za kufugwa zilizo mviringo kamili zikajaa sokoni. Mdororo wa uchumi wa dunia ulioanza 1929 ukamalizia. Bandari za Ghuba zilizoishi kwa lulu zikafukarika mpaka mafuta yalipogunduliwa. Wazao wa Waafrika wale bado wapo, na ngoma yao ya leiwa huchezwa Oman, Bahrain na Falme za Kiarabu, ikiwa na maneno ya Kiswahili ndani yake.

Mwaka 1250: lulu mbili zakabiliana

Kama ningeruhusiwa kusimulia kisa kimoja tu kuhusu jina hili, ningechagua hiki.

Mfalme Louis wa 9 wa Ufaransa alivuka bahari kwenda kupigana na Waislamu wa Misri. Mwaka 1249 aliuteka mji wa bandari wa Damietta, kwenye mdomo wa Nile. Alikuja na mkewe, Marguerite wa Provence, mmoja wa mabinti wanne wa baba mmoja ambao wote walikuja kuwa malkia.

Sultani wa Misri, as-Salih Ayyub, alikuwa mgonjwa. Mwezi Novemba mwaka huohuo akafa, adui akiwa mlangoni. Mkewe aliitwa Shajar al-Durr. *Durr* ni lulu. Jina lote ni Mti wa Lulu. Alikuwa mjakazi aliyenunuliwa, na jina hilo ni lile lile la desturi ya vito tuliyoisema. Mjane huyo hakupiga yowe. Alificha msiba. Chakula cha Sultani kikaendelea kupelekwa chumbani kila siku, amri zikaendelea kutoka zikiwa na saini yake, na majemadari wakaendelea kupigana wakidhani bwana wao yu kitandani. Mpaka habari inavuja, mtoto wa kambo, Turanshah, alikuwa ameshaitwa kutoka mbali kuja kurithi.

Mwezi Aprili 1250 jeshi la Wafaransa lilivunjika, Mfalme Louis akakamatwa. Kule Damietta, Marguerite alikuwa mjamzito wa siku zake. Joinville, rafiki wa mfalme aliyeandika kumbukumbu za vita hivyo, anasimulia kwamba Malkia alilala huku mzee mmoja shujaa wa miaka themanini akiwa amemshika mkono, maana alikuwa akishtuka usingizini akidhani chumba kimejaa maadui. Alimwapisha mzee huyo kwamba mji ukitekwa, amkate kichwa kabla hawajamfikia. Mzee akamjibu kwamba alikwisha kuamua kufanya hivyo hata kabla ya kuombwa.

Akajifungua mtoto wa kiume, akamwita Jean Tristan, yaani Yohana wa Huzuni. Siku hiyohiyo akaambiwa mabaharia wa Genoa na Pisa wanataka kukimbia na meli zao kwa kuwa chakula kimekwisha. Akawaita kitandani pake, angali mzazi mbichi, akawasihi wasubiri, kisha akanunua chakula chote kilichokuwamo mjini kwa fedha za taji ili walishwe. Wakabaki. Lau wangeondoka, Damietta isingebaki mikononi mwa Wafaransa, na Louis asingekuwa na cha kujikombolea.

Maana mji ule ndio uliokuwa bei ya mfalme, na fedha nyingi juu yake kwa ajili ya watu wake. Wajumbe wa Misri walipomtaka Louis akubali, aliwaambia atakubali ikiwa malkia ataridhia kulipa. Wakashangaa: mwanamume gani huyu anayengoja ruhusa ya mke? Akajibu kwamba mkewe ni malkia, si mtu wa kuamrishwa tu.

Walioshangaa hawakukaa muda mrefu na mshangao wao. Tarehe 2 Mei askari wa Kituruki wakamwua Turanshah, na badala yake wakamtawaza yule mjane. Kwa hiyo Damietta iliporudishwa siku chache baadaye, aliyekuwa ameushikilia mji upande mmoja alikuwa Marguerite, na aliyetawala upande wa pili alikuwa Shajar al-Durr. Hawakukaa meza moja. Kila kitu kilipita kwa wajumbe na makadirio ya dhahabu. Ila ukiondoa lugha, ni Lulu akimrudishia Lulu mji wake.

Shajar al-Durr alipiga sarafu zenye cheo chake na hotuba za Ijumaa zikamwombea dua. Khalifa wa Baghdad hakupendezwa. Wanahistoria wa Kiarabu wanasimulia kwamba aliwaandikia watu wa Misri kuwa kama wameishiwa wanaume, waseme, atawapelekea mmoja. Baada ya takriban siku 80 mama huyo akamwachia kiti jemadari Aybak, akaolewa naye, na akaendelea kutawala kutoka nyuma ya pazia. Mambo yao yaliisha vibaya. Mwaka 1257 Aybak aliuawa bafuni, na siku chache baadaye Shajar al-Durr naye akauawa. Inasemekana wajakazi wa mke mwenza walimpiga kwa mitalawanda.

Kaburi lake lipo Kairo mpaka leo. Ukiingia na kutazama kibla, juu ya mihirabu kuna nakshi ya vipande vidogo vya kioo cha dhahabu, na katikati yake mti. Matunda ya mti huo ni vipande vyeupe vya gamba la chaza. Mjakazi aliyenyimwa jina la kwao aliamua kulichora ukutani lile alilopewa.

Joka tumboni, mtoto tumboni

Kilicholifanya jina lipendwe Ulaya zaidi si malkia bali ni mtakatifu mwenye kisa ambacho hata makanisa yalikitilia shaka. Margareta wa Antiokia anasemekana kuwa mchungaji wa kondoo aliyekataa kuolewa na mkubwa wa Kirumi, akatiwa gerezani mwanzoni mwa karne ya 4. Huko akamezwa na shetani aliyekuja kwa umbo la joka. Msalaba aliokuwa nao ukalikera joka tumboni, likapasuka, binti akatoka mzima.

Mantiki ya watu wa kale ikafanya kazi yake: aliyetoka salama tumboni mwa joka anafaa kuombwa ili watoto watoke salama tumboni mwa mama zao. Akawa msimamizi wa wajawazito, na wakunga walimtaja wakati wa uchungu. Ndiyo maana wasichana wengi walipewa jina hilo, kama shukrani. Wakristo wa Mashariki wanamwita Marina na kumwadhimisha tarehe 17 Julai. Jeanne d'Arc, yule msichana wa Kifaransa aliyevaa deraya, alisema sauti alizosikia zilikuwa za watakatifu, na Margareta alikuwa mmojawapo. Kanisa Katoliki lilimwondoa kwenye kalenda yake ya jumla mwaka 1969.

Uskoti ina Margareta wake, na huyu alikuwa mtu wa kweli asiye na joka. Alizaliwa Hungaria, akawa malkia wa Uskoti, akafa 1093, na akatangazwa mtakatifu mwaka ule ule wa 1250. Kanisa dogo la jina lake ndilo jengo kongwe kuliko yote mjini Edinburgh. Hata mito ya nchi yake ina kome wa lulu, ila tangu 1998 kuwavua ni kosa la jinai.

Denmark nako jina limekaa sana ikulu. Margrethe wa kwanza ndiye aliyeziunganisha Denmark, Norway na Sweden mwaka 1397. Wa pili alitawala kuanzia 14 Januari 1972 hadi 14 Januari 2024, alipong'atuka mwenyewe. Huyu wa pili ni mchoraji. Picha zake zilitumika katika toleo la Kidenmark la *The Lord of the Rings*, akiwa amejificha nyuma ya jina la bandia. Nyumbani kwao walimwita Daisy, kwa sababu *marguerite* ya Kifaransa ni pia lile ua jeupe lenye kiini cha njano, ambalo Waingereza huliita *daisy*.

Kutoka kidani hadi mkate

Je, wajua kwamba Magreti yumo kwenye kopo la majarini? Mwaka 1813 mkemia Mfaransa Michel Eugène Chevreul alipokuwa akichunguza mafuta ya wanyama alipata asidi iliyometameta kama lulu, akaipa jina la Kigiriki la lulu. Mwaka 1869 mwenzake Hippolyte Mège-Mouriès akatengeneza siagi ya bei nafuu, Napoleon wa 3 akiwa ametoa zawadi kwa atakayeivumbua, na jina la ile asidi likapakwa humo. Baadaye ilionekana kwamba kile Chevreul alichokiona kilikuwa mchanganyiko wa asidi nyingine. Jina halikurudishwa. Afrika Mashariki limefika mezani, ingawa dukani wengi wetu tunaomba Blue Band hata tukipewa kopo la kampuni nyingine.

Na yumo baharini. Chaza mwenye midomo myeusi, anayepatikana kuanzia Bahari ya Shamu na pwani yetu mpaka visiwa vya Polinesia, anaitwa kisayansi *Pinctada margaritifera*, maana yake mbeba lulu. Ndiye mama wa zile lulu nyeusi za Tahiti. Kusini mwa Unguja, upande wa Fumba na Ghuba ya Menai, wapo wanawake waliojifunza kufuga chaza: kitufe kidogo chenye umbo la nusu tufe hubandikwa ndani ya gamba, mnyama anarudishwa baharini, na baada ya miezi kadhaa amekipaka tabaka juu ya tabaka mpaka kimekuwa lulu nusu ya kutilia pete au herini.

Punje ya mchanga, tuliyofundishwa kwamba ndiyo chanzo cha lulu, mara nyingi haina hatia. Chaza amezoea mchanga na anajua kuutema. Kinachomsumbua zaidi ni kimelea kinachopenya mwilini au jeraha katika nyama yake laini. Anakizingira kwa kile kile anachojengea ndani ya gamba lake. Watu wa kale walikuwa na maelezo matamu zaidi. Plini wa Rumi aliandika kwamba chaza hufunua gamba lake na kupokea umande, na Saadi wa Shiraz, katika *Bustani* yake ya mwaka 1257, aliusimulia mkasa wa tone la mvua lililojiona duni mbele ya bahari, likamezwa na chaza likawa lulu.

Magreti juu ya Lulu ya Afrika

Winston Churchill, katika kitabu cha safari yake kilichotoka 1908, ndiye aliyeipa umaarufu sifa ya Uganda kuwa Lulu ya Afrika. Miaka miwili kabla ya kitabu hicho, tarehe 18 Juni 1906, Luigi Amedeo, Duke wa Abruzzi, alipanda hadi kilele cha juu kabisa cha milima ya Rwenzori, mpakani mwa Uganda na Kongo, baada ya wapagazi kuvusha mizigo yake kwenye matope yenye sifa mbaya mpaka leo. Kilele hicho, chenye mita 5,109, akakiita Margherita, jina la mke wa ami yake, aliyekuwa Malkia wa Italia. Ni cha tatu kwa urefu barani, nyuma ya Kilimanjaro na Mlima Kenya, na ni mahali pa juu kuliko pote katika nchi zote mbili. Kwa hiyo Lulu ya Afrika ina lulu nyingine kichwani, yenye theluji.

Malkia huyo mwenyewe hakuogopa mlima. Mwaka 1893 alipanda Alpu mpaka kwenye kibanda kilichojengwa mita 4,554 juu ya usawa wa bahari na kupewa jina lake. Alipenda pia kuvaa lulu, mistari mingi kwa mpigo. Piza ya Margherita nayo inasimuliwa kwamba ilipikwa kwa heshima yake huko Napoli mwaka 1889, ingawa wanahistoria wa mapishi huitazama hadithi hiyo kwa jicho la pembeni.

Majina ya nyumbani

Huenda hakuna jina lililokatwakatwa kama hili. Greta, Gretel, Margot, Meg, Megan, Rita, Marjorie, wote ni vipande vyake. Peggy pia, na huyo huwashangaza watu. Meg alibadilishwa herufi ya kwanza kwa mzaha wa vina, kama Molly alivyozaa Polly. Nyota wa sinema Rita Hayworth alizaliwa Margarita Cansino. Mata Hari, mcheza dansi aliyepigwa risasi na Wafaransa mwaka 1917 kwa tuhuma za ujasusi, alibatizwa Margaretha.

Kwetu halikukatwa sana, liliandikwa tu kila mtu alivyosikia. Tanzania kumejaa akina Magreth, na humohumo wamo Magret, Magreti, Margareth na Margareta. Kenya hushikilia zaidi Margaret, kama alivyoandikwa Margaret Wambui Kenyatta, mwanamke wa kwanza kuwa meya wa Nairobi, mwaka 1970, na Dkt. Margaret Ogola, daktari wa watoto aliyeandika *The River and the Source* na kushinda Tuzo ya Waandishi ya Jumuiya ya Madola kwa kitabu cha kwanza, ukanda wa Afrika, mwaka 1995. Mzazi anayelichagua leo afanye hima kuamua kama anataka *r* moja au mbili, na kama *h* ya mwisho ibaki. Cheti cha kuzaliwa kikisema Magreth, cha shule Magret na kitambulisho Margaret, atakayepanga foleni ya kuapa kiapo cha majina si karani, ni mtoto.

Faida ipo pia. Mtu wa jina hili hakosi siku ya somo wake: 18 Januari kwa Margareta wa Hungaria, 22 Februari kwa yule wa Cortona, 20 Julai kwa yule wa joka, 16 Oktoba kwa Margareta Maria Alacoque, 16 Novemba kwa yule wa Uskoti. Anayependa keki mara tano kwa mwaka anaruhusiwa kuzidai zote.